Sita na Tisa: Somo la Kwanza la Chuo Kikuu cha Sauti

Wanachuo wenzangu, naomba nianze kwa kukiri. Muhula wa pili wa mwaka wa kwanza nilipata sapu. Sikuipata kwa uvivu, wala kwa kukosa madesa. Niliipata kwa sababu ya herufi mbili tu, S na T.

Ilikuwa Alhamisi, kipindi cha mwisho kabla ya chakula cha mchana. Ukumbi ulikuwa umejaa. Mimi na wenzangu wawili tulikaa safu ya nyuma kabisa, chini ya feni ambayo kelele yake ni kubwa kuliko upepo wake. Mwalimu alikuwa ameshafunga kompyuta, watu wameanza kukusanya madaftari, ndipo akatangaza kwamba jaribio litakuwa Jumatatu saa tisa. Mimi nilisikia tisa. Nikaandika tisa. Jumatatu nikapiga msuli asubuhi nzima, nikala wali maharage wangu kwa utulivu, na saa tisa kasoro robo nikafika ukumbini na kalamu mbili mfukoni. Mlangoni nikawakuta wale wenzangu wawili wa safu ya nyuma, nao wanashangaa. Jaribio lilikuwa limefanyika saa sita.

Nilikwenda ofisini.

"Shikamoo, Dokta."

"Marahaba. Nilisema saa sita, tena nilirudia. Wenzako zaidi ya tisini wamesikia sita. Ninyi watatu mlisikiaje tisa?"

Sikuwa na jibu. Nilitoka pale nikiamini nina kichwa kibovu, na kwa wiki kadhaa niliwaza kuacha kozi kabla sijadisko. Makala hii ndiyo jibu langu kwa lile swali, limechelewa mwaka mzima. Ili nilipate ilibidi nisome kitu ambacho hakimo kwenye mtaala wangu: sauti na mitetemo.

Chuo ambacho hakipo

Katika kusoma huko nikaanza kujenga chuo kichwani. Nakiita Chuo Kikuu cha Sauti na Mitetemo, kampasi yake ipo Arusha, chini ya Mlima Meru. (Jamani, sisemi SAUT ya Mwanza. Hiyo ipo, na hakuna aliyewaongezea I mwishoni.) Chuo changu hakina usajili, hakina bumu, na kofia ya mahafali bado haijashonwa. Lakini vipande vyake vimetapakaa pande hizi. Usa River, Chuo Kikuu cha Tumaini Makumira wanafundisha shahada ya muziki. Tengeru kuna Taasisi ya Nelson Mandela ya sayansi na teknolojia. Mjini kuna Chuo cha Ufundi Arusha, wanakojua habari za mota na mashine. Kaskazini kuna Ol Doinyo Lengai, volkano iliyo hai. Na mjini, kuanzia Soko Kuu hadi Kilombero, kuna kelele ya bure kwa ajili ya maabara, saa zote.

Kilichokosekana ni mtu wa kutuambia kwamba mwanamuziki, fundi wa mashine, mtaalamu wa volkano na daktari wa masikio wanasoma kitu kimoja. Nitawapa masomo manne ya chuo hicho, kama nilivyojifundisha mwenyewe. Mwisho wa la nne mtaona nilivyopotea kati ya sita na tisa.

Somo la kwanza: Kinachotikisika

Weka vidole viwili kooni. Sema "aaa". Unahisi koo linatetemeka? Sasa sema "sss". Koo limetulia kabisa, kazi yote inafanywa na hewa inayojipenyeza kwenye meno. Shika jambo hilo, tutalirudia.

Sauti ni mtetemo unaosafiri. Kitu kinatikisika, kinaisukuma hewa iliyo jirani, nayo inaisukuma ya mbele yake, mpaka msukumo ufike kwenye kiwambo cha sikio lako. Hewa yenyewe haisafiri kutoka kwangu hadi kwako, kinachosafiri ni msukumo. Idadi ya mitikisiko kwa sekunde moja tunaipima kwa hezi. Koo la mwanamume anapoongea hutikisika kama mara 100 hadi 150 kwa sekunde, la mwanamke karibu mara 200. Ile "sss" ya meno iko juu sana, nguvu yake kubwa iko kuanzia kama hezi 4,000 kwenda juu.

Mwendo wa sauti hewani tunaweza kuupima bila maabara. Wakati wa masika, radi ikimulika juu ya Meru, anza kuhesabu sekunde mpaka usikie ngurumo, kisha gawanya kwa tatu. Jibu ni umbali kwa kilomita, kwa sababu sauti huchukua karibu sekunde tatu kwenda kilomita moja. Kwa nyuzi joto 20, ambazo ni za kawaida hapa mjini, sauti inakwenda mita 343 kwa sekunde.

Hapa kuna mtego. Juu ya Meru, zaidi ya mita 4,500, sauti inakwenda polepole zaidi. Wengi tutajibu haraka kwamba ni kwa sababu hewa ya juu ni nyepesi. Sivyo. Mwendo wa sauti hewani hutegemea joto, na wepesi wa hewa peke yake haubadilishi kitu. Kule juu alfajiri joto linaweza kushuka hadi sifuri, na kwa nyuzi sifuri sauti inakwenda mita 331. Kinachoichelewesha ni baridi.

Jambo la mwisho la somo hili: kitu kilichoanza kutikisika huendelea mpaka nguvu yake iishe au kitu kingine kiimeze. Serengeti, kwenye majabali ya Moru, kuna jiwe kubwa ambalo likigongwa kwa jiwe dogo linalia kama kengele, na limejaa vishimo vilivyochimbwa na watu waliolipiga zamani. Linalia kwa sababu limekaa juu ya miamba mingine kwa sehemu chache tu. Lingekuwa limefukiwa nusu ardhini, udongo ungemeza mtetemo na usingesikia kitu zaidi ya "ko". Kumbukeni jiwe hili tutakapoingia ukumbini.

Somo la pili: Mitetemo iliyo chini ya masikio

Sikio la binadamu mwenye afya husikia kuanzia hezi 20 hadi 20,000. Chini ya hapo dunia haijanyamaza, ni sisi tu hatumo.

Mwaka 1984, mtafiti Katy Payne alikuwa kwenye bustani ya wanyama huko Portland, Marekani, karibu na tembo. Hakusikia kitu cha ajabu, ila alihisi mtetemo hewani, kama ule aliouhisi utotoni akiimba kanisani karibu na mabomba makubwa ya kinanda. Walipopima waligundua kwamba tembo walikuwa wanaongea kwa sauti iliyo chini ya uwezo wetu wa kusikia. Utafiti ukahamia Amboseli, Kenya, upande wa pili wa Kilimanjaro, akishirikiana na Joyce Poole. Sauti hizo nzito hufika kilomita kadhaa, kwa kuwa hewa na miti huzipunguza kidogo kuliko sauti nyembamba. Mwaka 2024 watafiti wa tembo wa Amboseli na Samburu walitangaza kwamba tembo huitana kwa kitu kinachofanana na majina. Tembo aliitikia zaidi alipochezewa mwito uliorekodiwa ambao ulikuwa umeelekezwa kwake kuliko mwito wa mwenzake.

Kwa hiyo wale tembo wanaopita kati ya Amboseli na mbuga za magharibi ya Kilimanjaro huenda wanaitana usiku kucha, na sisi tunasema porini kumetulia.

Ardhi nayo ni hivyo hivyo. Mama yangu anasimulia habari za Julai 2007. Alikuwa nyumbani, jioni. Kwanza mbwa wa jirani akabweka na maji ya ndoo yakafanya viduara vidogo. Mama akadhani limepita lori. Muda kidogo ukapita, ndipo vyombo vikaanza kugongana kabatini na watu wakatoka nje wakikimbia. Lilikuwa tetemeko la tarehe 17 Julai, lenye ukubwa unaokaribia 6, chini ya Mlima Gelai, jirani na Ol Doinyo Lengai. Watu walilihisi hadi Nairobi. Magma ilikuwa imejipenyeza kwenye ufa chini ya ardhi, matetemeko yakafuatana kwa wiki kadhaa, na Septemba mwaka huo Lengai ikalipuka na kumwaga majivu.

Mama alikuwa anaeleza fizikia bila kujua. Tetemeko hutoa mawimbi ya aina mbili kwa pamoja. La kwanza linasukuma na kuvuta mwamba, sawasawa na sauti inavyosukuma hewa. Ni sauti hasa, ila ndani ya jiwe, na inakwenda kama kilomita 6 kwa sekunde. La pili linatikisa mwamba upande kwa upande, linakwenda kama kilomita 3.5 kwa sekunde, na ndilo lenye nguvu ya kuangusha vyombo na kuta. La kwanza ni dogo na linawahi. La pili ni kubwa na linachelewa. Kila sekunde moja ya tofauti kati yao ni karibu kilomita 8 za umbali. Gelai iko zaidi ya kilomita 90 kutoka Arusha mjini kwa mstari ulionyooka, kwa hiyo kati ya viduara vya ndoo na kelele za kabati zilipita sekunde 11 au 12 hivi.

Sekunde 11 ni nyingi. Zinatosha kumtoa mtoto chini ya kabati. Oktoba ya mwaka huohuo wa 2007, Japani ilianza kutangazia wananchi tahadhari kwa njia hii: mitambo inanasa wimbi dogo la kwanza, inakadiria ukubwa, na taarifa inatolewa kabla wimbi kubwa halijafika.

Hapo ndipo nilipopata wazo lililonisaidia kuelewa sapu yangu. Mara nyingi taarifa iko kwenye kile kidogo kinachopita haraka. Kile kikubwa kinachosikika na kila mtu kina nguvu, ila hakikuambii mengi. Lugha nayo iko hivyo.

Somo la tatu: Sikio

Nilipomaliza kidato cha sita ada haikupatikana, nikakaa nyumbani mwaka mzima. Miezi sita ya mwaka huo (hiyo sita nina hakika nayo) nilifanya kazi kwenye mashine ya kusaga mahindi karibu na Ngaramtoni. Saa nane kwa siku, siku sita kwa wiki, ndani ya chumba cha bati. Jioni masikio yalikuwa yanalia kama nyenje. Asubuhi mlio umeisha, narudi kazini. Niliona ni jambo la kawaida, kama mikono kuota sugu.

Masikio hayaoti sugu. Ndani ya sikio kuna kiungo kidogo kilichojikunja kama konokono, na ndani yake seli zenye vinyweleo, takriban 15,000 kwa kila sikio. Mtetemo ukifika, vinyweleo vinapinda na kupeleka habari kwenye ubongo. Kelele kubwa huvichosha, na ikizidi huviua. Kuku akipoteza seli za namna hii huota nyingine. Sisi hatuna bahati ya kuku.

Sasa hesabu. Ukali wa sauti hupimwa kwa desibeli, na kipimo hiki kinadanganya macho. Ukiongeza desibeli 3, nguvu ya sauti imekuwa mara mbili. Ukiongeza 10, imekuwa mara kumi. Maongezi ya kawaida ni kama desibeli 60. Mwaka jana nilirudi kule mashineni na programu ya simu ya kupimia kelele, ikanisomea kama 95. Simu si kifaa cha kitaalamu, lakini tuichukue hiyo. Tofauti ya 35 ni nguvu zaidi ya mara 3,000.

Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani kuhusu kusikiliza muziki kwa usalama unasema mtu mzima asizidishe saa 40 kwa wiki kwenye desibeli 80. Kila ukiongeza desibeli 3, gawanya muda kwa mbili: 83 ni saa 20, 86 ni saa 10, 89 ni saa 5, 92 ni saa mbili na nusu, 95 ni saa moja na robo. Mgao wangu wa wiki ulikuwa dakika 75. Mimi nilikuwa nakaa saa 48. Kwa maneno mengine, kila wiki nilitumia mgao wa wiki 38. Kabla hujanionea huruma, fanya hesabu hiyohiyo kwa spika za masikioni unazolala nazo na kwa daladala yenye spika chini ya kiti chako.

Baada ya sapu nilikwenda kupima usikivu. Unavaa spika za masikioni, unabonyeza kitufe kila unaposikia mlio. Mtaalamu akanionyesha karatasi: mstari wangu ulikuwa mzuri kwenye sauti nzito, halafu karibu na hezi 4,000 ukaporomoka kama gari lililokosa daraja, kisha ukapanda kidogo. Akaniuliza, "Ulifanya kazi wapi?" Hakuuliza kama nilifanya kazi penye kelele. Alishaona.

Kelele huanza kuua sehemu ya sauti nyembamba. Sauti nzito zinabaki, kwa hiyo mgonjwa hajioni kiziwi. Nasikia mlango ukigongwa, nasikia besi, nasikia mtu anaongea. Ninachokosa ni konsonanti hafifu: s, t, f, sh, k, p. Rudisha vidole kooni. Irabu zinatoka kooni, ni nzito na zina nguvu. Konsonanti hizi zinatoka kwenye meno, ulimi na midomo, ni nyembamba na zinapita haraka. Irabu ndizo zinazobeba ukubwa wa sauti, lakini maana mara nyingi imebebwa na konsonanti.

Kwa Kiswahili mambo ni magumu zaidi, kwa sababu maneno yetu mengi huisha na irabu na irabu zetu ni tano tu. Ondoa konsonanti hafifu kwenye "fika", "pika" na "shika", yote yanabaki "i-a". Nikikosa konsonanti bado nausikia wimbo wa sentensi kutoka mwanzo hadi mwisho, umekamilika, hauna maneno. Ubongo haupendi nafasi tupu. Unajaza wenyewe, na haukuambii kwamba umejaza.

Sasa andika SITA. Chini yake andika TISA. Irabu ni zilezile, i na a, kwa mpangilio uleule. Konsonanti ni zilezile, S na T, zimebadilishana nafasi tu. Nilichosikia kwa hakika siku ile ni "saa i-a". Hiyo tisa niliitunga mwenyewe, nami nikaiandika kwa wino.

Somo la nne: Ukumbi

Lakini jibu hilo halitoshi. Wale wenzangu wawili hawajawahi kufanya kazi mashineni, nao walisikia tisa. Tulichoshirikiana ni safu ya nyuma.

Mwaka 1895 Chuo Kikuu cha Harvard kilikuwa na ukumbi mpya wa mihadhara katika jumba la makumbusho la Fogg, na wanafunzi hawakuelewa kinachosemwa ndani yake. Kazi ya kuutibu akapewa mwalimu kijana wa fizikia, Wallace Sabine, umri miaka 27. Usiku, mji ukiwa kimya, yeye na wasaidizi wake walibeba mito ya viti kutoka ukumbi mwingine, wakaipanga, wakapuliza bomba la kinanda na kupima kwa saa muda ambao mvumo ulibaki baada ya bomba kunyamaza. Ukumbi ukiwa mtupu, mvumo ulibaki sekunde tano na nusu. Mito ilipoongezeka, mvumo ulipungua. Kutokana na hapo akapata kanuni ambayo wasanifu wa majengo wanaitumia hadi leo: muda wa mvumo kwa sekunde ni 0.16 mara ujazo wa chumba, gawanya kwa jumla ya eneo linalomeza sauti.

Mnaona? Taaluma nzima ya sauti za majengo ilizaliwa kwa sababu wanafunzi hawakumsikia mwalimu.

Tujaribu kwa ukumbi wa kawaida wa saruji: urefu mita 18, upana 12, kimo 5. Ujazo ni mita za ujazo 1,080. Jumla ya sakafu, dari na kuta ni mita za mraba 732. Saruji na plasta humeza kidogo sana, tukichanganya na viti tuseme asilimia 5, yaani kama mita za mraba 37. Mvumo ni 0.16 × 1,080 ÷ 37, karibu sekunde 4.7. Ni lile jiwe la Moru, ila safari hii sisi tumo ndani yake. Waingize wanafunzi 100. Mwili na nguo za mtu mmoja humeza kama nusu mita ya mraba, jumla 50. Fungua madirisha ya mita za mraba 12, na dirisha lililo wazi humeza zote kwa kuwa sauti ikitoka hairudi. Sasa tuna 99, na mvumo ni karibu sekunde 1.75.

Kwa muziki wa kwaya hiyo ni raha. Kwa kufundishia inatakiwa iwe chini ya sekunde moja. Katika sekunde 1.75 mwalimu anatamka silabi karibu nane, na kila silabi inaning'inia hewani juu ya zinazofuata. Akisema "saa sita", ile "aa" ndefu na nzito bado inavuma wakati "s" nyembamba inatoka. Safu za mbele hupata sauti ya mdomo moja kwa moja, kabla kuta hazijairudisha. Safu ya nyuma hupata sehemu kubwa kutoka ukutani. Ongeza feni, ongeza zipu za mabegi, na mvua ya masika juu ya bati siku nyingine, halafu niulize tena nilisikiaje tisa.

Dawa ipo kwenye hesabu ileile. Dari la mita za mraba 216 likifunikwa kwa kitu kinachomeza nusu ya sauti, tunaongeza kama 97. Mvumo unashuka hadi sekunde 0.9. Kinachomeza sauti ni kitu kinene chenye vinyweleo na nafasi za hewa ndani: sufi, pamba, nyuzi za mkonge, mazulia mazito. Trei za mayai mnazobandika geto mkaziita studio hazisaidii sana, ni karatasi nyembamba mno, sauti nzito zinapita kama hazikuona kitu.

Zoezi la nyumbani

Chuo changu hakitoi cheti, lakini kinatoa zoezi. Kwanza, ingia ukumbini kukiwa na watu wachache, piga kofi moja kali, hesabu mvumo unakaa muda gani. Ukiweza kusema "moja, mbili" kwa utulivu kabla haujaisha, ukumbi huo unakula maneno. Pili, mwambie rafiki akae mbele, afunike mdomo kwa daftari, asome kwa mchanganyiko sita, tisa, fika, pika, shika. Wewe andika ukiwa nyuma, kisha linganisheni. Tatu, masikio yakilia baada ya disko au kazi, usiseme yatazoea. Kapime. Kilichokufa hakirudi, lakini kilichobaki kinalindwa.

Kwa serikali yetu ya wanafunzi nina maombi matatu, na mawili hayahitaji bajeti. Kila tarehe, saa na ukumbi wa jaribio uandikwe ubaoni na CR wa darasa autume kwa maandishi siku hiyohiyo. Viti vya mbele viachwe kwa anayevihitaji bila kuulizwa maswali mengi. Na wiki ya usajili, pale tunapopimwa vitu vingine, tupimwe na masikio. Wenzetu viziwi, wanaotumia Lugha ya Alama, walijua zamani kwamba tangazo la mdomo peke yake ni nusu ya tangazo. Tulipaswa kuwasikiliza.

Sapu niliifanya, nikafaulu. Siku hizi nakaa safu ya pili. Nilirudi ofisini kwa mwalimu na karatasi ya kipimo pamoja na hesabu za ukumbi, nikamwomba atamke sita na tisa akiwa amenigeuzia mgongo. Alifanya hivyo mara kumi. Nilikosea nne. Hakusema mengi, aliomba tu abaki na nakala ya zile hesabu.

Wiki iliyofuata alipofika mwisho wa kipindi, watu wakaanza kukusanya madaftari kama kawaida. Akasema, "Subirini." Akageuka, akachukua chaki, akaandika kwa herufi kubwa: JARIBIO, JUMATATU, SAA 6:00 MCHANA. Safu ya nyuma nzima ikainama kuandika.